Waongozaji wa filamu wa kujitegemea: kati ya filamu moja na nyingine mnaishi vipi?

KlapaYaPili

Wakuu, salaam. Muda mrefu nimekuwa msomaji tu humu, leo nimeona niulize.

Nina miaka 34. Kazi inayonilipia kodi ya nyumba ni uhariri wa video: matangazo, mafunzo ya makampuni, chochote kinacholetwa. Nimeongoza filamu fupi mbili. Ya pili ilipokelewa kwenye matamasha manne, ikarudi na cheti kimoja na makofi mengi. Sasa nina muswada wa filamu ndefu, kurasa 84. Bibi na mjukuu wake wa miaka kumi, nyumba moja, siku tatu za mvua, redio ya bibi inaunguruma chinichini. Nimeuandika mdogo makusudi ili niumudu. Mtoto nimemwandikia yule yule aliyecheza filamu fupi yangu ya pili, maana ana macho ambayo sijayaona kwa mwingine.

Sasa maswali. Niache kazi au nisiache? Kila mahojiano ninayosoma yanaruka: alikuwa hana kitu, akapiga filamu, tamasha likamwita, leo tunamjua. Hapo katikati alikuwa analipa bili na nini? Halafu, kwa umri huu, sijachelewa? Na kuna mtu amejitolea kunipa nusu ya bajeti, ametuma mkataba wa kurasa mbili. Huo nitauleta baadaye nikishausoma vizuri.

Mtazamaji_Mchungu

Usiache kazi.

Na tuache kudanganyana na zile hadithi. Mtakuja hapa kutaja Robert Rodriguez. Kweli, El Mariachi ya 1992 aliipiga kwa takriban dola 7,000, na sehemu ya pesa hizo aliipata kwa kujitoa kufanyiwa majaribio ya dawa. Ila kopi iliyoonyeshwa sinema haikuwa ya dola 7,000. Studio ya Columbia walipoichukua walimwaga pesa nyingi zaidi kutengeneza sauti upya, kuihamishia kwenye mkanda wa milimita 35 na kuitangaza. Hiyo 7,000 ilimfikisha mlangoni tu. Kufunguliwa ilikuwa bili ya mtu mwingine.

DaftariLaMadeni

Mdogo wangu, nikuite hivyo kwa kuwa mimi nina 53.

La kuchelewa nalimaliza kwanza kwa sababu ni jepesi. Ousmane Sembène, mwongozaji wa Senegal, alishabeba mizigo bandarini Marseille, alishachapisha riwaya, ndipo akaenda Moscow kusomea filamu. Filamu yake Borom Sarret ilitoka 1963, ana miaka 40. Moolaadé, ya mwisho, ilitoka 2004, ana 81. Umri wako uweke pembeni.

La kuishi ndilo zito. Mimi nina miaka 19 kwenye kazi hii na filamu ndefu nne. Siku moja nilikaa nikahesabu siku zote nilizosimama kando ya kamera nikiongoza filamu zangu mwenyewe: 31 ya kwanza, 22 ya pili, 26 ya tatu, 18 ya nne. Jumla 97. Siku 97 ndani ya miaka 19, yaani kama tano kwa mwaka. Kwa hiyo ukiniuliza "niache kazi nikaongoze filamu?", mimi nasikia unauliza kama uache kazi kwa ajili ya siku tano. Hizo nyingine zote ni kuandika, kuomba, kusubiri majibu ya barua pepe, kuhariri, na kutafuta hela ya mwezi.

Lakini Mchungu naye amekujibu nusu. Hoja si kuwa na kazi au kutokuwa nayo, hoja ni kazi gani. Mwanzoni nilikuwa kama wewe, nahariri tamthilia za televisheni. Malipo mazuri, watu wazuri. Nikifika nyumbani usiku siwezi hata kuitazama skrini. Miaka mitatu niliandika kurasa 11. Kumi na moja! Uhariri ulikuwa unanyonya kile kile nilichokihitaji usiku: kuamua. Mhariri anaamua kutwa nzima, hii ibaki, hii iende, kata hapa. Ukitoka hapo ndani yako hamna uamuzi uliobaki.

Nikahamia kuandika tafsiri, yale maneno yanayopita chini ya picha kwenye filamu za watu wengine. Unalipwa kwa dakika ya filamu. Ni pungufu ya uhariri, tena pungufu sana, na miaka miwili ya kwanza nilijuta kila mwisho wa mwezi. Ila saa tisa alasiri nimemaliza na kichwa bado kina maji. Na faida ambayo sikuitegemea: nimejifunza mazungumzo. Ukilazimika kubana sentensi ya mtu iingie kwenye mistari miwili kabla picha haijakatwa, unaanza kuona jinsi waandishi tunavyopenda kuropoka. Muswada wangu wa nne ulipungua kurasa 20 kwa ugonjwa huo.

Ukiwachunguza wakubwa utaona kila mmoja alikuwa na kamba yake ya kushikia. John Cassavetes alikuwa anaigiza kwenye filamu za studio, The Dirty Dozen ya 1967, Rosemary's Baby ya 1968, na hela inaishia kwenye filamu zake mwenyewe. Faces, iliyotoka 1968, sehemu kubwa aliipiga nyumbani kwake. David Lynch wakati wa kupiga filamu yake Eraserhead alikuwa anasambaza magazeti. Kelly Reichardt alitoa filamu yake ndefu ya kwanza mwaka 1994, ya pili iliyoenda kwenye majumba ya sinema ikaja 2006. Hebu iangalie hiyo miaka 12. Kwenye mahojiano inakuwa sentensi moja, lakini aliyeiishi ameamka asubuhi zaidi ya elfu nne. Baadaye akawa anafundisha chuo cha Bard huku akiendelea kutoa filamu.

Jina langu la humu limetokana na daftari halisi. Lina safu tatu: jina, siku ngapi, zimelipwa au bado. Wengi wetu hatuwalipi watu pesa inayostahili, tunawalipa siku. Fundi wa taa alinipa siku sita kwenye filamu ya kwanza. Nne nilimlipa kwa kumsimamia mwendelezo, yaani nguo na vitu vifanane toka picha hadi picha, kwenye filamu yake fupi, mbili nikambebea stendi za taa. Mpambaji alinipa nane, nikamtafsiria filamu nzima bila senti. Mpaka leo nadaiwa siku 11, na watatu kati ya wanaonidai hawakumbuki. Mimi nakumbuka. Usiombe msaada "kwa mapenzi ya sanaa", mdogo wangu. Omba siku, ziandike, zirudishe. Ndivyo utakavyopata timu ya filamu ya pili.

Kitu cha mwisho, nacho kilinitokea kwenye filamu ya pili. Tuliipiga kwa awamu mbili, katikati hela ikakata kwa miezi 14. Mhusika mkuu alikuwa mvulana. Tuliporudi alikuwa ameongezeka shibiri nzima na sauti imekuwa nzito kama ya babake. Kulikuwa na onyesho la kuingia mlangoni: nje tulishapiga, ndani bado. Anaingia mtoto, anatokea kijana. Lynch mwenyewe alikuwa na mlango kama huo kwenye Eraserhead, mwigizaji wake Jack Nance anashika kitasa upande mmoja na anatokea upande wa pili mwaka mmoja na nusu baadaye, lakini Nance alikuwa mtu mzima, alichotakiwa kutunza ni nywele. Mimi ilibidi nimkalishe kijana chini. Kuanzia dakika ya 50 hasimami tena, na maneno yake nusu nzima nikampa dada yake. Mhakiki mmoja akaandika kwamba ule ukimya wake ulikuwa uamuzi wa kijasiri. Nilimtumia salamu za shukrani.

Satyajit Ray alipiga Pather Panchali kwa karibu miaka mitatu, hela ikija na kukata, yeye akiwa bado na ajira kwenye kampuni ya matangazo. Iliposhatoka 1955 alikuwa akisema miujiza mitatu ndiyo iliyomwokoa: sauti ya mtoto wa kiume haikuvunjika, msichana hakukua, na bibi kizee hakufa.

Bumu_Juu

Mimi ni fundi wa sauti, kwa hiyo mnajua nitakachosema. Nitakuwa mfupi.

Watu humu wanapenda kutaja Tangerine ya Sean Baker, 2015, kwamba ilipigwa kwa iPhone. Picha, ndiyo. Sauti walirekodi na vifaa vya sauti, na fundi wake. Hiyo nusu ya hadithi haisimuliwi. Mtazamaji atasamehe picha yenye chengachenga, anaweza hata kudhani ni mtindo. Sauti ikiwa mbovu anaondoka.

Umesema nyumba moja, mvua siku tatu. Mkuu, mvua ya kweli ndiyo adui yako mkubwa, hasa ikipigia bati. Piga mazungumzo siku kavu, mvua utaiweka kwenye uhariri, matone ya dirishani mtu anaweza kumwaga kwa ndoo. Halafu jokofu. Litazimwa ili lisiungurume, na jioni kila mtu amechoka hakuna atakayekumbuka kuliwasha. Mimi huweka funguo zangu za gari ndani ya jokofu. Siwezi kuondoka bila kulifungua.

Na hiyo redio ya bibi inapiga nini? Kama jibu ni wimbo unaojulikana, simama hapo hapo. Charles Burnett alimaliza Killer of Sheep mwaka 1977, filamu yake ya kuhitimu chuo kikuu cha UCLA, aliyoipiga wikiendi kwa bajeti isiyofika dola 10,000. Imejaa nyimbo kali ambazo haki zake hazikuwa zimelipiwa. Ikasifiwa, mwaka 1990 ikaingizwa kwenye orodha ya filamu zinazohifadhiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani, lakini majumba ya sinema haikuingia rasmi mpaka 2007, haki za muziki zilipolipiwa kwa dola 150,000. Miaka thelathini filamu imefungwa na nyimbo! Weka taarifa ya habari kwenye hiyo redio, uiandike mwenyewe. Au mwite rafiki mwenye gitaa, lakini naye asaini karatasi, hata kama mmelelewa pamoja.

Mtazamaji_Mchungu

Kwa mara ya kwanza nakubaliana na mtu wa sauti. Mwandikieni tarehe hii.

KlapaYaPili

Nashukuru sana wakuu. Dada Daftari, hizo kurasa 11 umenisoma mimi kabisa. Huu muswada wa kurasa 84 umenichukua miaka mitano, na nilikuwa najiambia ni uvivu.

Redio ilikuwa inapiga wimbo, na ndio, unajulikana. Nimeshaufuta.

Sasa mkataba. Nimeusoma mara tatu. Yaliyomo kwa ufupi: filamu na haki zake zote, dunia nzima, kwa njia zote zilizopo na zitakazobuniwa, ni mali ya mtoa fedha daima. Mimi napata asilimia 30 ya faida halisi. Yeye ana haki ya kubadilisha uhariri wa mwisho "kwa mahitaji ya soko". Hakuna mstari unaosema nini kitatokea nikikosa ile nusu nyingine ya fedha. Mtu mwenyewe ni muungwana, ananiita kila wiki kunitia moyo. Anataka nisaini kabla ya mwisho wa mwezi.

DaftariLaMadeni

Mtu muungwana, karatasi mbaya. Vyote viwili vinaweza kuwa kweli, na uungwana wake hautarithiwa na atakayeinunua kampuni yake.

Nilisema filamu ya tatu nilipiga siku 26. Hamjaiona, kwa sababu haionekani popote. Nilikuwa nimechoka, nadaiwa, msambazaji akaja na karatasi inayofanana na hiyo yako, nikasaini nimesimama, hata kiti sikuvuta. Miaka minne baadaye kampuni ikafungwa. Haki zangu zikaondoka pamoja na mali zake nyingine kwenda kwa wadai, zimo humo na meza na viti vya ofisi. Nimeandika barua, nimetafuta wanasheria. Filamu ninayo hapa kwenye diski, nimeivingirisha ndani ya soksi kabatini. Naweza kuitazama. Siwezi kuionyesha.

Kwa hiyo:

Neno "daima" liondoke. Mpe leseni ya muda, mathalani miaka saba, kisha haki zinarudi kwako. Na iandikwe kwamba zinarudi zenyewe iwapo atafilisika au akikaa muda fulani bila kuisambaza. Mimi sikuwa na sentensi hiyo moja tu.

"Faida halisi" ni mlango wa ghala lisilo na sakafu. Anatoa kwanza pesa yake, sawa, ni haki yake. Halafu anatoa gharama za usambazaji. Zipi? Hadi kiasi gani? Kama hakuna ukomo ulioandikwa, asilimia 30 au 90 ni ile ile, sifuri. Dai ukomo, na dai taarifa ya mapato kila miezi sita hata kama hakuna mapato.

Uhariri wa mwisho: kama hutaki kuupoteza, usiugawe. Mnaweza kukubaliana kwamba atatazama na kutoa maoni mara mbili, na wewe unalazimika kuyasikiliza, siyo kuyafuata. Televisheni wakitaka toleo fupi, unalikata wewe.

Muswada wako ubaki wako, tofauti na filamu. Hapo kwenye "haki zake zote" umejificha pia muendelezo wa hadithi, yaani sehemu ya pili, tamthilia, na chochote kitakachotokana nao. Mwongozaji Jim Jarmusch anajulikana kwa kushikilia negativu, yaani mikanda ya asili, za filamu zake mwenyewe. Watu hudhani ni maringo. Ni pensheni.

Na ile nusu ya pili ya fedha: iandikwe kwamba ukiikosa ndani ya muda fulani mkataba unavunjika na unamrudishia kilichobaki, si kilichotumika.

Mpelekee mwanasheria anayejua mikataba ya filamu, si yule wa viwanja. Kama mtoa fedha ni muungwana kweli, atasubiri.

Mtazamaji_Mchungu

Na kama akikataa usione dunia imeisha. Mwongozaji Haile Gerima alikosa msambazaji wa filamu yake Sankofa mwaka 1993. Akakodi majumba ya sinema mwenyewe, mji kwa mji, na watu wakajaza. Alikuwa na mshahara wa ualimu chuo kikuu cha Howard, kwa hiyo turudi kwenye jibu langu la kwanza: usiache kazi.

KlapaYaPili

Nimeongea na mtoa fedha jana. Hakukasirika, ila kasema wanasheria wake watahitaji muda, huenda miezi sita au saba. Nikasema sawa, nitasubiri. Nimepumua kweli.

Kazi siachi, ila nimeomba kupunguziwa siku, nibaki na tatu kwa wiki. Wanafikiria.

DaftariLaMadeni

Vizuri. Hebu nikuulize jambo moja. Yule mtoto wa filamu yako fupi, mwenye macho. Mhusika ana miaka kumi. Yeye ana mingapi?

KlapaYaPili

Kumi na miwili na nusu.

DaftariLaMadeni

Sauti?

KlapaYaPili

Nilimpigia leo asubuhi baada ya kuliona swali lako. Nilidhani amepokea kaka yake.

Bumu_Juu

Usisubiri miezi saba.

DaftariLaMadeni

Usisubiri hata mmoja. Kwenye kurasa 84, mtoto yumo ngapi?

KlapaYaPili

Nimehesabu sasa hivi: 46. Anazungumza kwenye 19 tu.

DaftariLaMadeni

Hizo 19 ndizo za kwanza. Christopher Nolan alipiga Following kwa takriban mwaka mzima, Jumamosi kwa Jumamosi, kila mtu na ajira yake, na walifanya mazoezi kama ya jukwaani ili mkanda usiliwe na marudio. Fanya hivyo. Katikati ya wiki mazoezi, wikiendi mnapiga, kurasa tatu kila siku. Wikiendi nne umezimaliza. Mzazi wake asaini kwanza. Maonyesho ambayo mtoto hasemi yanaweza kusubiri kidogo, mpige akiwa amekaa, mchukulie kwa juu, bibi asimame. Fedha ya muungwana ikija itakuta kazi imeshaanza, na mwanasheria wako atakuwa na la kusemea.

Bumu, una siku ngapi?

Bumu_Juu

Wikiendi ya kwanza na ya tatu niko huru. Siku nne. Ziandike kwenye daftari lake, siyo lako. Na bati aliangalie kabla sijafika.

KlapaYaPili

Nimenunua daftari.